Safari Isiyo na Msiba

Nilipomwambia shemeji yangu kwamba nakwenda Zambia siku nne, aliuliza nani amekufa.

"Hakuna aliyekufa," nikamwambia.

"Basi nani anaumwa?"

"Hakuna."

"Unakwenda kuchukua mzigo?"

"Sichukui mzigo. Nakwenda kutembea."

Alikuwa amekaa sebuleni kwangu, kwenye kiti alichokuwa akikalia marehemu mume wangu, kikombe cha chai mkononi. Akakiweka chini. Yeye ni kaka mkubwa wa marehemu, na tangu tuzike, miaka kumi na moja sasa, kila malipo ya kahawa yakitoka hufika nyumbani kunishauri. Wakati wa kupalilia hajawahi kuja kunishauri.

"Shemeji," alisema, "hela ya kahawa haichezewi. Kuna mbolea. Kuna bati za kule nyuma zinavuja. Kuna ujenzi wa kanisa. Na ile kahawa, usisahau, aliipanda marehemu."

"Aliipanda," nikasema. "Mimi nimeipogoa miaka kumi na moja. Mbolea nimeshanunua, ipo stoo. Mchango wa kanisa nimetoa, kamuulize mhazini. Bati nitabadilisha kabla ya mvua. Hii laki tatu iliyobaki ni jasho langu, na jasho langu linataka kupanda basi."

Aliondoka bila kumaliza chai. Nikaimalizia mimi.

Watu wa mbali hudhani sisi tunaoishi Mbozi, karibu na mpaka, Zambia tunaijua kama jikoni kwetu. Ni kweli nimevuka Tunduma kwenda Nakonde mara zisizo na idadi. Nimenunua sabuni, nimenunua vitenge, jua halijazama niko nyumbani. Lakini kulala huko sijawahi. Katika umri wangu wote, nilikuwa nimelala nje ya nyumba yangu kwa sababu tatu tu: uzazi, kuuguza na kuzika. Binti yangu wa Dodoma aliponiambia kwenye simu, "Mama, kama ni kutembea si uje kwangu?" nilimjibu kwamba kwake nimekwenda mara mbili, na mara zote mbili nilikuwa nalea mjukuu.

Mbala, mji wa Zambia, ilinijia kwa bahati. Mama mmoja mfanyabiashara wa maharage kutoka kule alikaa barazani kwangu akisubiri mvua ikatike, akanisimulia maporomoko ya Kalambo. Alisema mto unafika ukingoni unaanguka, na maji yanaanguka muda mrefu mpaka mengine yanageuka moshi kabla hayajagusa chini. Mvua ilikatika, akaenda zake. Mimi nikabaki na yale maji. Nilitaka kuyaona. Nilitaka pia kulala kwenye kitanda nisichokitandika, mahali ambapo hakuna mtu atakayepiga hodi kuomba chumvi. Sikuwa na sababu nyingine, na sikuona kwa nini niitafute.

Nikachana karatasi kwenye daftari nikaandika. Hati ya dharura ya kusafiria. Chanjo ya homa ya manjano. Nauli kwenda na kurudi. Kulala siku tatu. Kula. Gari la kukodi kutoka Mbala mjini mpaka kwenye maporomoko, ambalo yule mama alinionya kuwa ndilo ghali kuliko vyote. Kiingilio. Akiba ya dharura. Nilipiga hesabu kwa shilingi, nikabadilisha kwa kwacha, nikapunguza kwenye kula, nikaongeza kwenye gari. Hesabu ikakubali. Ilikubali ya mtu mmoja.

Kesho yake asubuhi mama mkwe wangu aliingia jikoni bila kubisha. Anaishi nyumba ya nyuma, kiwanja kimoja na mimi, naye ni mjane kama mimi. Akavuta kigoda akakaa.

"Nasikia unakwenda Zambia bila msiba," alisema.

Nilidhani mwanawe amemtuma. Nikajiandaa.

"Ndiyo, mama."

"Kuna nini huko?"

Nikamweleza maji. Alisikiliza mpaka mwisho, kisha akasema, "Na mimi nakwenda."

"Mama, hela niliyopanga ni ya mtu mmoja."

"Nani kakuomba hela? Shilingi ninazo za hati na chanjo. Na za huko ninazo, kwacha zangu mwenyewe."

Zamani, kabla miguu haijamsumbua, alikuwa akiuza maharage mpakani. Nilijua hilo. Sikujua kama alikuwa amebakiwa na kwacha, na sikumwomba nizione. Mkwe hamwambii mama wa mumewe amwonyeshe alichofunga kwenye kanga. Nikachukua karatasi yangu na pembeni ya kila kitu nikaandika: mara mbili.

Shemeji alirudi jioni hiyohiyo, mara hii akasimama mlangoni kwa mama yake. Sauti yake niliisikia kutoka uani.

"Mama, wewe ni mtu mzima. Miguu yako hiyo itafika Zambia?"

"Miguu hii nimekwenda nayo makaburini miaka yote," mama mkwe alijibu, "na hujawahi kuniuliza kama inauma."

Baada ya wiki mbili, hati zikiwa tayari, tulishuka Tunduma. Barabara ilikuwa imezibwa na malori kama kawaida, foleni imetulia, madereva wamekaa chini ya matela wanakula. Mama mkwe alivaa kitenge chake cha Pasaka na sweta, akashika mfuko wa rambo wenye mayai ya kuchemsha. Nilimpeleka kwenye duka la kubadilisha fedha lenye kibao cha reti ukutani. Vijana wa barabarani walituita, "Mama, kwacha hapa! Reti nzuri hapa!" lakini nilikuwa nimeamua tangu nyumbani: nitabadilisha kwenye dirisha, na risiti nitapewa.

Ndani kulikuwa na watu watano au sita. Zamu yetu ilipofika nilibakiza shilingi kidogo za njiani, nikatoa hela yote iliyobaki baada ya hati na chanjo, binti wa dirishani akazipitisha kwenye mashine, akanihesabia kwacha. Nikazihesabu tena palepale, moja moja. Mwanaume wa nyuma yangu akaguna. Nikarudia kuhesabu mara ya pili.

Kisha mama mkwe akasogea. Akageuka ukutani, akafungua pindo la kanga ya ndani, akatoa kitambaa, na ndani ya kitambaa noti zilizokunjwa zikakunjika tena. Akaziweka dirishani kwa mikono miwili.

"Hizi ni kwacha tayari," alisema. "Nataka tu unihesabie nijue ni ngapi. Macho yangu hayaoni vizuri."

Binti alizifungua. Niliona ya juu: elfu hamsini. Chini yake elfu ishirini, na nyingine elfu hamsini. Moyo wangu uliruka kwa furaha sekunde moja, kwa sababu sikuwahi kushika noti za ukubwa ule. Kisha nikautazama uso wa yule binti.

"Bibi," alisema polepole, "hizi umekaa nazo toka lini?"

"Toka nauza maharage. Mwaka ule reti ilikuwa mbaya, nikasema zikae, itapanda."

"Bibi, hizi zilishakufa. Zambia walibadilisha noti, wakakata sifuri tatu. Walitoa muda watu warudishe za zamani. Huo muda ulishapita, miaka mingi sasa. Hata benki ya kule hawazipokei."

Yule mwanaume wa nyuma akacheka. Mwingine naye akacheka, akasema bibi ni tajiri wa marehemu. Mama mkwe hakuwageukia. Alimwuliza binti, "Zote?"

"Zote, bibi. Pole sana."

Akazikusanya, akazilinganisha kingo kana kwamba bado zina thamani, akazirudisha kwenye kitambaa. Nilimgeukia yule mwanaume nikamwambia, "Wewe mama yako akija hapa na akiba yake, watu wacheke?" Akatazama simu yake.

Tulikuwa hatujafika mbali na mlango, kijana mmoja mwenye kofia akatufuata. Alikuwa ndani pamoja nasi, amesimama tu bila kubadilisha kitu.

"Shikamoo bibi. Zile noti mimi nazichukua. Nakupa elfu themanini kwa zote."

Mama mkwe alisimama. "Si zimekufa?"

"Zimekufa, lakini za kumbukumbu. Wazungu wanazipenda."

Mama mkwe akaangalia upande huu wa barabara, akaangalia upande ule. Malori, bodaboda, akina mama na ndizi vichwani. "Wazungu wako wapi?"

Kijana akacheka. "Basi laki moja, bibi. Laki taslimu, sasa hivi." Akaitoa mfukoni kweli, noti za elfu kumi kumi, nyekundu.

Nataka kusema ukweli hapa. Mimi ningechukua. Kichwani nilikuwa nimeshapanga: laki ile ingeturudishia siku moja ya kulala, pengine mbili. Nikamgusa mama mkwe kiwiko, nikanong'ona, "Mama, laki moja."

Hakunijibu mimi. Alimjibu kijana. "Ukishazichukua, utampa nani?"

"Bibi, hilo—"

"Utampa kijana anayetoka machimboni Saza na hela yake ya dhahabu, hajui kwacha inafananaje. Ataona elfu hamsini, ataona sifuri nyingi, atafurahi. Akifika ng'ambo anataka kununua chakula, ndiyo ataambiwa kama nilivyoambiwa mimi. Si ndiyo kazi yenyewe?"

"Sasa bibi, hilo linakuhusu nini? Wewe si utakuwa umeshapata chako?"

"Hilo ndilo linalonihusu. Toka mbele yangu."

Alisema kwa sauti, na wauza ndizi wakageuka. Kijana akarudisha laki yake mfukoni, akasema kwamba wazee wa milimani ndiyo maana wanakufa maskini. Mama mkwe akamwambia, "Tunakufa maskini, lakini hatufi wezi." Akaanza kutembea.

Tulikaa kwenye benchi la mama ntilie. Nilikuwa na hasira naye. Niliagiza chai mbili, sikumwangalia. Nilitoa karatasi yangu na kalamu na kuanza kufuta. Mama mkwe akasema, "Mimi nipandishe gari la kurudi. Wewe uende. Hela ni yako, na ulipanga peke yako."

Lilikuwa jambo la busara. Kwa hela ile, mtu mmoja angekwenda vizuri kama nilivyotaka, siku zote tatu. Nikamtazama yule mama, mayai yake mapajani. Nikamwona shemeji akimpokea njiani, akimchukulia mfuko, akimwambia, si nilisema. Na nikayasikia maneno yangu mwenyewe, mama, laki moja. Aibu ikanishika, na aibu ile ikanitia ukaidi kuliko hasira.

"Hakuna anayerudi," nikasema. "Tunakwenda wote."

"Kwa hela gani?"

"Hii hapa. Tutalala siku moja badala ya tatu. Chumba kimoja, kitanda kimoja. Hatuli hotelini. Tunanunua mikate hapahapa kwa shilingi, mayai unayo. Gari la maporomoko siligusi, na kiingilio sikigusi. Akiba ya dharura nimeifuta."

"Ikitokea dharura?"

"Isitokee."

Alicheka, mara ya kwanza siku ile, akavunja yai akanipa.

Mpakani, ofisa wa uhamiaji wa upande wa Zambia alituuliza tunakwenda kwa nani. Nikasema hatuendi kwa mtu. Akauliza biashara gani. Nikasema hatuna. Alikunja uso, akazigeuza hati zetu kana kwamba jibu limeandikwa nyuma. Mama mkwe, ambaye kwa kuzaliwa ni Mnamwanga wa hapohapo mpakani, akamweleza kwa Kinamwanga. Sikuelewa yote, lakini nilisikia neno la maji na nilisikia neno la uzee. Ofisa akaangua kicheko, akajibu kwa lugha ileile, akagonga mihuri.

Basi lilifika Mbala alasiri. Ni mji wa juu wenye baridi kama yetu, na mama mwenye nyumba ya wageni alitupokea kwa "Mwaiseni," neno la Kibemba ambalo hata mimi nalielewa: karibuni. Alitaka kutupa vyumba viwili. Nikasema kimoja. Akasema kitanda ni kidogo. Nikasema na sisi ni wadogo. Tulilala mzungu wa nne, mimi na mama wa mume wangu, miguu yake karibu na uso wangu. Sijui kama kuna mkwe mwingine Mbozi aliyewahi.

Asubuhi msichana alibisha, akaleta chai kwenye sinia. Ilikuwa ndani ya bei ya chumba. Mama mkwe alikaa kitandani, shuka mabegani, kikombe mikononi, akakitazama kikombe muda mrefu.

"Kumbe chai inaweza kuja yenyewe," alisema.

Kituoni nikatafuta gari. Dereva wa kwanza alitaja bei iliyokaribia mara mbili ya iliyokuwa kwenye karatasi yangu. Nilitaja yangu. Akasema barabara ni mbaya. Nikasema barabara mbaya tunazo na sisi. Nikaondoka, akaniita, akapunguza kidogo. Nikataja yangu ileile. Nikaondoka tena. Akapunguza tena, nikaondoka mara ya tatu, ndipo akaja na gari lenyewe, akamfungulia mama mkwe mlango, akaniambia kwa Kiswahili cha mpakani, "Mama, wewe roho ngumu. Panda."

Kalambo huioni mpaka ufike. Msitu unakatika ghafla, mto unakuja taratibu juu ya mwamba, halafu chini yake hakuna kitu. Maji yalikuwa yanaanguka kama yule mama wa maharage alivyosema. Ukichagua tone moja ukalifuata kwa macho, unalipoteza kabla halijafika. Ndege wakubwa wenye vipara walikuwa wanazunguka chini yetu, nikawa natazama migongo ya ndege wakiruka. Sikuwahi kuona mgongo wa ndege angani.

Mlinzi aliyekuja nasi alinyoosha mkono ng'ambo ya bonde. "Kule," alisema, "ni Tanzania. Mto ndiyo mpaka."

Nikashindwa kujizuia, nikacheka. Hati, chanjo, kwacha, kitanda kimoja, kumbe tumekuja kutazama nusu ya kwetu. Mama mkwe hakucheka. Aliutazama ule ukingo wa pili, majani yake na mawe yake.

"Kutokea kule tungeweza kuyaona haya?"

"Mnaweza," mlinzi akasema.

"Hapana," mama mkwe akasema. "Tungekuwa kule, kuna mtu angetuita twende tukapike."

Tulikaa. Dereva alipiga honi, akapiga tena. Nikataka kunyanyuka, mama mkwe akanishika kitenge. "Tumemlipa," alisema. "Akae." Tulikaa mpaka jua likahama upande, na sikuwaza mbolea wala bati.

Tulirudi nyumbani usiku wa siku hiyohiyo, siku mbili kabla ya tulivyoaga. Nilikuwa na kwacha chache zisizotosha hata soda. Shemeji hakuja siku hiyo. Alikuja Jumapili, akiwa na baba zangu wadogo wawili wa ukweni na mjomba wa mume wangu, wakakaa sebuleni, na mimi nikaitwa ndani ya nyumba yangu kama mgeni.

Shemeji alieleza kwa upole. Alisema hakuna ugomvi. Ila ukoo una wasiwasi. Mjane anachukua hela ya shamba la ukoo, anamchukua na mzee wa watu, wanalala nchi za nje, wanarudi mikono mitupu, hata chumvi hawakuleta. Alipendekeza kwamba kuanzia msimu ujao malipo ya kahawa yapitie kwake, ayapange, aniletee.

Walinitazama. Nilikuwa nimejiandaa kulia, nilijijua. Machozi hayakuja.

"Baba zangu," nikasema, "mibuni mikongwe mia tatu ya shamba lile nimeikata kwa mikono hii nikaifufua. Mwaka ugonjwa wa chulebuni ulipoozesha kahawa mtini, nilipuliza dawa peke yangu mwezi mzima. Aliyewahi kushika bomba la dawa pale aseme, nimpe hela leo." Nikawatazama mmoja mmoja. "Watoto wamesoma. Kanisa limepata. Nilichokwenda kutumia ni changu, nimekitumia chote, na sijutii hata senti. Msimu ujao malipo yatapokelewa na aliyepokea miaka yote. Na msimu ujao nitakwenda tena."

Shemeji akamgeukia mama yake, aliyekuwa amekaa karibu na mlango. "Mama, umesikia majibu hayo?"

"Nimesikia," mama mkwe alisema. "Mimi na yeye tulikwenda wote. Mkimhukumu yeye, anzeni na mimi niliyemzaa huyu anayeshtaki. Mjomba, sema, natozwa nini?"

Mjomba alikohoa. Alisema suala hili ni la kifamilia na muda umekwenda. Baba mdogo mmoja akaniuliza, kwa sauti ya chini, kama ni kweli maji yanageuka moshi. Nikamwambia ni kweli. Kikao kikavunjika bila maamuzi.

Shemeji bado anakuja malipo yakitoka. Namkaribisha chai, nampa kiti kingine, hunishauri kidogo, namsikiliza, naendelea na langu. Wanawake wa jumuiya yetu walianza kunicheka, kisha wakaanza kuniuliza. Wawili wamenifuata kwa siri, mmoja anatoka mbali, Mbebe kabisa, anataka kujua hati inatolewa wapi na gari linakodishwaje. Nimewaandikia kila kitu, na bei ya yule dereva, na neno moja pembeni: ondokeni mara tatu.